Swali Kutoka Chumba cha Kumbukumbu

Kwenye barua ya ajira kazi yake iliitwa usimbaji wa taarifa za tiba, lakini mle chumbani hakuna aliyekuwa na ulimi wa kuyatamka hayo yote kabla ya chai. Wao walisema kutia namba. Daktari anaandika, mgonjwa anaenda zake, faili linashuka chumba cha kumbukumbu, na mtu anakaa chini kulisoma na kukipa kila kilichomo namba yake. Mama huyu alikuwa ameifanya kazi hiyo hadi hospitali nzima ikamwita Mama Namba. Walikuwapo wauguzi vijana waliodhani ndilo jina alilopewa na wazazi wake.

Jeraha hupewa namba mbili. Ya kwanza inasema mtu ameumia wapi. Ya pili inasema ameumiaje: ameanguka, amegongwa, amepigwa, au amejiumiza mwenyewe. Akirudi kusafishwa kidonda, kutolewa nyuzi au kunyooshwa vidole, namba zilezile zinamfuata. Kinachobadilika ni herufi ya mwisho tu, inayosema huyu si mgeni, huyu anarudi. Kwa hiyo kosa la siku ya kwanza halibaki siku ya kwanza. Linarudi na mgonjwa kila kliniki, na hakuna anayeuliza tena, maana imeshaandikwa.

Mama Namba aliwafundisha hayo watu wengi. Ndiyo sababu alilolifanya halina pa kujitetea. Jioni ile mumewe alipofikishwa hospitali na mkono uliofungwa taulo, daktari wa zamu aliuliza imekuwaje, na Fundi, ambaye ndiye mwenye mkono, akafumbua mdomo. Mkewe akamtangulia. Akasema ni ajali, mkasi umemteleza kazini. Fundi akafumba mdomo wake taratibu, na daktari akaandika alichoambiwa.

Kesho yake faili likashuka. Mle chumbani kuna desturi ambayo haijaandikwa popote na kila mtu anaishika: faili la ndugu yako hulitii namba wewe, unalisogeza meza ya jirani. Mama Namba hakulisogeza. Alilivuta chini ya mengine, akalitia namba ya ajali haraka haraka kama mtu anayefagia vigae vya kikombe kabla wageni hawajaingia. Yeye ndiye aliyemkuta mumewe nyuma ya cherehani. Alijua alichokiona, na hakikuwa mkasi ulioteleza.

Shida ya namba ile haikuwa uongo peke yake. Hospitali ilikuwa na mshauri, mama mmoja wa makamo mwenye ofisi ndogo kando ya duka la dawa, na kazi yake ilikuwa kuwaita wote waliopewa namba ya kujiumiza, kuwapigia simu, kukaa nao, kuwauliza habari zao na kuwauliza tena. Majina aliyapata kutoka chumba cha kumbukumbu. Fundi hakuwamo. Kwa hiyo kidonda chake kilikuwa na watu wa kukitazama, kilikuwa na bendeji safi na miadi ya kurudi, ila yeye mwenyewe hakuwa na wa kumtazama.

*

Nyumbani kazi ya kueleza aliichukua mama mkwe, mamake Fundi. Aliifanya kwa moyo wote, na kila mgeni akija kumpa mgonjwa pole habari iliongezeka uzito. Mwanzo mkasi uliteleza. Baadaye ukaanguka kutoka kwenye rafu. Wiki moja haijaisha, rafu yenyewe ilikuwa imevunjika, misumari ilikuwa mibovu, na mwenye fremu ya duka alikuwa ameshaonywa zaidi ya mara moja. Jirani wa mlango wa pili akataka kujua kwa nini wasimshitaki mwenye fremu. Mama mkwe akajibu kwamba wao si watu wa ugomvi.

Fundi alikuwa akiyasikia haya yote kutoka kwenye kiti chake karibu na dirisha, mkono ukiwa mapajani kama kitu cha mtu mwingine alichoombwa akishike. Mtaa mzima ulimwita Fundi, na mkewe pia, tangu siku alipompelekea gauni la kupunguza kiuno na likamchukua mwezi mzima kwa sababu fundi hakutaka aache kuja. Sasa hakuna aliyekuja. Watu wananunua nguo zilizokwisha kushonwa, bei yake hata kitambaa hununui, na yeye alikuwa amebaki kubadilisha zipu. Tangu aumie, hata zipu hakuna.

Asubuhi moja binti yao, aliyekuwa darasa la sita, alisimama mbele yake na sketi ya shule iliyofumuka pindo, akasema, "Baba, hapa pameachia." Alisema kwa mazoea tu. Fundi aliutazama mkono wake na binti akautazama pia, kisha mtoto akasema si kitu, atabana kwa pini. Siku hiyohiyo Mama Namba aliifunga sketi ndani ya mfuko mweusi na kuipeleka kwa fundi mwingine mtaa wa nyuma, akairudisha kabatini bila neno. Alidhani amemsitiri mumewe. Lakini fundi huijua mishono ya watu kama mwalimu anavyozijua hati za wanafunzi, na Fundi alipoiona sketi imeanikwa kambani aliligeuza lile pindo, akalitazama, akalirudisha. Hakusema kitu.

Hilo ndilo lililomchosha Mama Namba kuliko yote, ule ukimya. Alikuwa anaamka akiwa amechoka. Alifunga mlango wa stoo na ufunguo akatembea nao. Akiwa kazini alipiga simu nyumbani kuuliza kama mchele upo, na akiambiwa upo alibaki ameshika simu, akisikiliza kama kuna sauti ya mtu anayekohoa karibu na dirisha. Hakuna siku aliyomwuliza mumewe jambo lenyewe. Alimwuliza kama amekula, kama kidonda kinawasha, kama anataka mto mwingine.

*

Siku ya kliniki ya marudio Fundi alikwenda peke yake. Daktari wa zamu safari hii alikuwa binti mgeni pale hospitalini, ambaye hakuwa amejifunza bado kukimbizana na foleni. Alikitazama kidonda, akaona kinapona vizuri, kisha badala ya kuandika akaweka kalamu chini na kumwuliza, "Na wewe je, unaendeleaje?"

Fundi aliuvuta mkono wake mapajani. Kisha akamwambia.

Faili hilo liliposhuka, liliangukia meza ya Mzee Miwani. Huyu alikuwa jirani wa Mama Namba chumbani kwa miaka mingi, mtu wa maneno machache na chai nyingi. Alilisoma mara mbili, akainuka, akavuta kiti hadi kwenye meza yake.

"Dada, faili la shemeji hili," alisema kwa sauti ya chini. "Daktari kaandika mgonjwa mwenyewe anasema alijiumiza kwa makusudi. Mwanzo tuliandika ajali. Nani alilitia namba?"

"Mimi."

Mzee Miwani alivua miwani yake, akaifuta kwa ncha ya shati, akaivaa tena. Hakusema umekosea. Alisema mambo kama haya yanatokea, kwamba mwanzo daktari alipewa habari nyingine na sasa amepewa hii, na kwamba wao kazi yao si kutunga, ni kufuata. Angelirekebisha lote, tangu ziara ya kwanza, na jina lingekwenda kwa mshauri. "Mficha maradhi, dada," alisema akiinuka, na hakuumalizia msemo, maana mwisho wake ni kilio na kila mtu anaujua. Akaliacha faili pale, akasema atalishughulikia akitoka kula. Alikuwa anampa nafasi ya kupumua tu, mzee wa watu.

Mama Namba hakupumua. Kichwani mwake alimwona mshauri akipiga simu nyumbani na mama mkwe akipokea. Aliona jirani wa mlango wa pili akisimuliwa upya habari ya rafu. Aliona na jina la mumewe likipita mikononi mwa watu waliokuwa wakinywa naye chai. Sasa, maandishi ya daktari yakipingana, mtia namba anaruhusiwa kumwandikia swali. Swali hilo lina sharti moja, nalo Mama Namba ndiye aliyekuwa akiwafundisha wageni: lisimwonyeshe daktari jibu. Unauliza chanzo cha jeraha ni nini, unanyamaza. Yeye akaandika hivi: *Ziara ya kwanza inaonyesha ajali ya mkasi kazini. Tafadhali thibitisha kwamba jeraha hili ni la ajali.* Chini akaandika: Chumba cha Kumbukumbu.

Mzee Miwani aliporudi, faili lilikuwa limeshapanda juu. Akauliza. Mama Namba akamwambia ametuma swali kwa daktari, na kwa kuwa kutuma swali ni haki, mzee akaitikia kwa kichwa na kuendelea na kazi zake.

*

Kliniki iliyofuata ilikuwa imejaa hadi kwenye ngazi. Yule daktari binti alikuwa na macho mekundu ya mtu aliyeshinda zamu mbili, na kila mara mlango uligongwa na mtu wa kuuliza kama ni zamu yake. Alimfungua Fundi bendeji, akamwambia vidole vinaanza kutii, kisha akageukia faili na kukuta swali.

"Wenzetu wa kumbukumbu wanaulizia," alisema. "Wanasema mwanzo iliandikwa ni ajali. Wanataka nithibitishe kwamba ni ajali."

"Nani anauliza?"

"Chumba cha kumbukumbu. Ni taratibu zao tu."

Fundi aliitazama ile karatasi. Hakuhitaji kuambiwa ni mwandiko wa nani. Ulikuwa ni mwandiko wa orodha za sokoni, na wa kadi aliyoandikiwa siku ya harusi.

"Kama wao wanasema ni ajali," alisema, "basi ni ajali."

Daktari alimtazama, na kwa muda kidogo ilionekana kama atauliza tena. Mlango ukagongwa. Akaandika. Hakuwa mtu mbaya yule binti. Alikuwa mtu mmoja na foleni ya watu wengi, na karatasi mbele yake ilikuwa imeshamjibia.

*

Jioni hiyo Fundi hakula. Mama mkwe alikuwa akichambua mboga kwenye mkeka, binti ametumwa dukani, na Mama Namba ndiyo kwanza amevua viatu. Aliuliza kliniki wamesemaje.

"Wamesema ni ajali," Fundi alijibu. "Umewaambia na wamekubali."

Mama Namba alibaki na kiatu mkononi.

"Nilimwambia mtu mmoja," Fundi aliendelea, na hakupandisha sauti, afadhali angepandisha. "Katika dunia hii nzima mmoja tu. Nikatoka pale nikiwa mwepesi, nikarudi kwa miguu. Na wewe ukatuma karatasi juu ukaninyang'anya."

Mama Namba akaanza kujieleza. Akasema ni kwa sababu ya bima. Bima zina mambo yake, wangeweza kukataa kulipa, na wangepata wapi za kulipia kliniki zote hizo. Alisema haraka, kama somo alilolikariri.

"Bima inalipa," Fundi alisema. "Niliuliza dirishani."

Akaeleza. Alikuwa amesimama kwenye foleni ya dirisha la bima, watu mbele na watu nyuma, na zamu yake ilipofika akauliza kwa sauti ndogo kama mtu akijiumiza mwenyewe huwa wanalipa. Yule wa dirishani hakusikia, akamwambia aseme kwa nguvu. Akasema kwa nguvu. Yule naye hakuwa na hakika, akageuka na kumpaazia sauti mwenzake aliyekaa mwisho wa ofisi: huyu baba hapa anauliza mtu akijidhuru tunalipa? Mwenzake akajibu kwa sauti ileile kwamba wanalipa, matibabu yote na marudio yote. Foleni nzima ikamshukuru Mungu kwa niaba yake. Mwanamke mmoja aliyekuwa nyuma yake akarudi hatua, kama vile kitu kile kinaambukiza.

"Nilikubali aibu ile," alisema, "nikidhani ndiyo ya mwisho."

Bima ililipa. Mama Namba alilijua hilo kuliko mtu yeyote aliyekuwa kwenye foleni ile, maana namba za kupeleka bima alizitia yeye. Alikaa chini pale pale aliposimama.

Mama mkwe alisafisha koo. "Mwanangu, ule mkasi..."

"Mama, hakukuwa na mkasi ulioanguka."

"Najua," mama alisema. Mikono yake iliacha kuchambua. "Unadhani sijui? Nimekuzaa. Nilisema mkasi, nikasema na rafu, ili watu wasiniulize. Wakiniuliza, nami itabidi nijiulize nilikukosea wapi." Na akalia, bila sauti, akijifuta kwa kiganja chenye majani ya mboga.

Mboga zilibaki mkekani. Mwishowe Mama Namba aliuliza swali ambalo lilikuwa limemkaa kooni tangu jioni ile ya taulo, na lilitoka likiwa fupi mno kwa jinsi lilivyomlemea.

"Bado unawaza?"

Fundi alitazama dirishani. "Asubuhi nyingine, ndiyo," alisema. "Si zote."

Mama Namba aliogopa, na palepale alijua kwamba hofu hii ndiyo aliyokuwa akiifungia mlango pamoja na ile stoo. Akasogea, akaushika ule mkono mzima. Asubuhi ya namna hiyo ikija, alisema, asiwaze peke yake, amwamshe.

*

Kesho yake alifika kazini mapema na kumwambia Mzee Miwani kila kitu: namba ya kwanza, swali, na jinsi alivyolituma mzee akiwa amekwenda kula. Mzee alisikiliza hadi mwisho. Alichosema ni kwamba angependa zaidi kama angeambiwa mapema, na kwamba chai iko tayari. Mkuu wa chumba hakuwa na chai. Alimwandikia onyo, akamwondoa kwenye kutia namba, akampeleka rafu za nyuma kupanga mafaili ya zamani. Wale aliowafundisha kazi walimpita bila kujua waangalie wapi. Mmoja akamwita kwa mazoea Mama Namba, akajishika mdomo.

Saa za kliniki aliomba ruhusa akapanda juu. Kwa miaka yote aliyofanya kazi pale, hakuwahi kukaa kwenye benchi lile. Lilikuwa fupi kwa mapaja na ubao mmoja umeachia. Fundi, aliyekuwa amerudi kwa daktari kama walivyopanga usiku, alimpisha upande usioyumba.

Walipoingia, daktari binti alimtambua kwa sare. Mama Namba akasema lile swali aliliandika yeye, na hakupaswa kuliandika vile, na faili si lake tena. Daktari aliinamisha kichwa. Akasema naye alipaswa kuuliza tena na hakuuliza. Kisha akamgeukia Fundi na kumwuliza ilikuwaje.

Mama Namba alihisi jibu likimpanda mdomoni, lile jibu lake la siku zote la kumsaidia. Akauma meno. Kimya kikawa kirefu, nje mtu akagonga, na daktari akasema kwa sauti, bila kuinuka, kwamba wasubiri.

Fundi akaanza kusema. Alisema mwenyewe yote, na kuna mengi ambayo mkewe alikuwa anayasikia kwa mara ya kwanza. Alisema mambo ya miezi, si ya siku moja. Alitaja na sketi. Mama Namba alilia, na hakuna aliyemwambia anyamaze.

Siku hiyohiyo mshauri alimpokea. Hakungoja simu, daktari alimshika Fundi bega akamfikisha hadi ule mlango wa kando ya duka la dawa. Mama Namba akabaki nje, kwenye benchi la mlangoni. Mlango ulikuwa mzito na hakusikia neno. Watu waliopita walimsalimia, wengine wakamwuliza anamsubiri nani, naye akasema, "Mume wangu," basi.

Fundi alipotoka alikuwa na macho yaliyovimba na kadi ya miadi mkononi. Akakaa kando yake, akanyoosha miguu kama mtu aliyetoka safari.

"Haya, Mama Namba," alisema. "Safari hii wameniandika namba gani?"

"Sijui. Siruhusiwi tena kulifungua faili lako."

Fundi aliyafikiria hayo. Kona ya mdomo wake ikacheza kidogo, si kicheko, ila alikuwa hajaichezesha siku nyingi.

"Basi itabidi uniulize mwenyewe," alisema.

Na pale kwenye benchi, watu wakipita na dawa zao mikononi, Mama Namba akamwuliza. Kisha akanyamaza, akasubiri ajibu.